Dakika Kumi za Kimya

Mjomba wangu hajanisamehe hadi leo, ingawa kwa maoni yangu mwenye hatia ni Nirvana, bendi ya roki ya Marekani.

Albamu yao Nevermind, iliyotoka Septemba 1991, nilikuwa nimeisikiliza kwa miaka katika MP3 zilizokamuliwa hadi matoazi yakasikika kama sukari inayomwagwa juu ya karatasi. Hatimaye nikapata faili za FLAC, ambazo hubana muziki bila kutupa hata chembe ya kilichomo kwenye CD, nikaziunganisha na spika kubwa chumbani kwangu, nyumbani kwetu Kamalondo, Lubumbashi, siku ileile ambayo wakwe walikuja kuzungumzia mahari ya dada yangu.

Wimbo wa mwisho, "Something in the Way", mwimbaji wao Kurt Cobain aliuimba akiwa amelala kwenye kochi la studio, kwa sauti ya chini mno, kwa hiyo nilipandisha sauti karibu hadi kikomo ili niisikie selo, ile fidla kubwa, vizuri. Ukaisha. Baba akaniita nipeleke soda sebuleni, nami nikaziacha spika zikiwaka, maana katika nakala yangu ya zamani hapakuwa na kitu kingine. Kumbe CD nyingi, isipokuwa zile za mwanzo kabisa, zina kimya cha dakika kumi hivi, kisha wimbo uliofichwa: kelele ambazo bendi ilizirekodi kwa hasira baada ya kushindwa kuupiga "Lithium" sawasawa, hadi Cobain akavunja gitaa lake.

Mjomba, ambaye kwetu ndiye mwenye neno la mwisho, alikohoa, akaweka glasi chini, akasema, "Wakwe zetu, sisi tunaomba dola elfu moja na mia..."

Chumba changu kikalipuka. Chupa zikatetemeka mezani, ngoma zikagonga ukuta, na mtu akaanza kupiga mayowe ya kuomba kufa.

"Wazee," akauliza msemaji wa wageni, ambaye tayari alikuwa amesimama, "binti anapigwa ili akubali?"

Nilikimbia kuzima. Dada akaletwa sebuleni, shangazi wa bwana harusi akamgeuza huku na huku, ikathibitika kwamba ni mzima na kwamba mayowe yale ni ya Mzungu wa Marekani. Msemaji akaketi, akapangusa uso kwa leso, akainamisha kichwa kwa heshima zote.

"Tunashukuru, Mjomba. Dola elfu moja. Tumesikia vizuri kabisa."