Kilimia si ramli

Jumanne iliyopita nilikaa kwenye mkutano wa wakulima, kijiji kimoja cha Newala, mkoani Mtwara, tukisubiri kuambiwa habari za salfa, dawa ya kuzuia ugonjwa wa ubwiri unga kwenye mikorosho. Akasimama bibi mmoja, mtu wa kuamkiwa shikamoo na kijiji karibu kizima, akamwuliza bwana shamba habari za kilimia, lile kundi la nyota: “Mwanangu, mwaka huu kilimia kimezama mvua haijakatika. Mimi nimezoea kikizama hivyo, miezi hii hukauka vizuri na maua ya korosho hayaharibiki. Ninyi kwenye vipimo vyenu mnaonaje?”

Bwana shamba akajibu: “Bibi, hayo mambo ya kishirikina tuyaache. Tuna ratiba.”

Watu wakacheka. Bibi akakaa, akavuta kanga yake begani, hakusema tena mpaka mkutano ukafungwa. Mimi sikucheka, na roho haijatulia tangu siku ile.

Kilimia kikizama kwa jua huzuka kwa mvua, kikizama kwa mvua huzuka kwa jua. Nani hapa hajawahi kuusikia msemo huo? Ndani yake hamna jini, hamna mzimu, hamna kuku mweusi. Kuna kundi la nyota ambalo mwezi wa Mei linapotelea kwenye mwanga wa machweo, halafu mwezi wa Juni linaonekana tena alfajiri upande wa mashariki. Ikifika Novemba jua likizama, lenyewe ndio linapanda, wakati huo huo ambao sisi tumemaliza kusafisha mashamba na tunatazama mawingu. Jina lenyewe limetoka kwenye kulima. Kuna watu waliokaa nje usiku, mwaka baada ya mwaka, wakalinganisha, wakakumbuka, kisha wakayafunga waliyoyaona kwenye maneno ambayo hata mtoto anayabeba kichwani. Huenda walikosea. Lakini ni jambo unaloweza kutoka nje ukalitazama, ukaandika, ukasubiri, ukaona kama limetimia au halikutimia. Na bibi yule hakuja kutuamrisha tumwamini. Aliuliza. Alileta alichokiona yeye, akaomba kilinganishwe na vipimo vya wataalamu. Sijui mkutano ule ulikuwa wa kazi gani kama si hiyo.

Mvuvi wa Mikindani akikwambia keshokutwa bamvua, yaani maji ya bahari yatajaa na kutoka sana, hajapiga bao la ramli. Amehesabu siku za mwezi. Kina mama wanaoshuka na ndoo kutafuta pweza maji yakitoka wanajua hesabu hiyo kuliko mimi niliyeisoma darasani.

Sasa ngoja niseme kinachoniuma hasa. Kijiji kile kile, Januari mwaka huu, mvua ilikata. Mahindi yakaanza kujikunja majani. Watu wakachangishana, nyumba kwa nyumba, wakamwita mtaalamu kutoka mbali aje apige ramli aseme nani amefunga mvua. Mchango ule sikusikia mtu akisimama mkutanoni kuuita ushirikina. Mtaalamu akaja, akachora mchanga wake, akasoma ishara zake, na ishara zikaangukia kwa mzee mmoja anayeishi peke yake, mwenye mwembe ambao bundi hutua usiku. Mnajua mambo hayo yanavyokwenda, sina haja ya kueleza. Namshukuru Mungu hakupigwa. Aliondoka kabla ya adhana ya alfajiri, akaenda kwa mwanawe Tunduru, na mpaka leo hajarudi.

Mvua ikarudi siku ya tisa. Watu wakasema, mmeona?

Nimeona nini? Kila mkulima wa huku juu anajua kwamba mwishoni mwa Januari au mwanzoni mwa Februari mvua hupumzika wiki moja, wakati mwingine mbili, halafu inarudi. Vituo vya vipimo vinajua. Wazee wanajua, ndiyo maana wanakuambia usipande kila kitu siku moja. Yule bibi wa kilimia angeulizwa Januari, angewaambia subirini, huu ni upungufu wa kila mwaka. Hakuna aliyemwuliza, kwa sababu tumeshafundishwa kwamba maneno yake ni ujinga. Na aliyekuja na mchanga wake alipewa hela, akapikiwa kuku, akasikilizwa mpaka mwisho.

Hapo ndipo hasira yangu ilipo. Tumetia kwenye kapu moja aliyetazama mbingu miaka sitini na aliyetazama uso wa jirani akatafuta wa kumtupia lawama. Kapu lote tukaliita imani potofu. Kisha, tulipoamua kutupa, tukatupa elimu na kubaki na ramli. Sheria ya Uchawi ipo tangu 1928, na kumtaja mtu kuwa mchawi ni kosa. Januari 2015 serikali ilipiga marufuku wapiga ramli kwa sababu ya damu ya wenzetu wenye ualbino. Hata jina lao tunalo, ramli chonganishi. Tunajua kabisa ni kitu gani, na bado tunakichangia.

Bibi mzaa mama ni Myao wa Masasi. Alinisimulia jinsi wakubwa wao, kabla ya safari ndefu, walivyokuwa wakimimina unga taratibu chini ya mti wa msolo mpaka usimame kama kichuguu, wakaufunika usiku kucha. Asubuhi wakifunua wakakuta umesimama vile vile, wanaondoka. Ukiporomoka, safari inangoja. Siwezi kusema unga unajua habari za njiani. Lakini tazameni swali lenyewe: niende au nisiende? Mtu alijiuliza yeye, juu ya miguu yake mwenyewe, na hasara ikitokea ni ya kukaa nyumbani. Unga ule haukumtaja jirani.

Ndiyo, nakubali, ingawa sipendi, kwamba bwana shamba ana hoja moja. Ishara za zamani zinayumba siku hizi. Mwembe unachanua mara mbili, kusi inachelewa kutulia, na babu yangu mwenyewe aliwahi kupoteza mbegu yote ya mahindi kwa kuamini ishara iliyowahi. Mzee anayesema ishara zake hazikosei anadanganya.

Ila hata upande wa vipimo tumejifunza kwa machungu. Aprili 2019 tuliambiwa kimbunga Kenneth kinakuja, watu wa Mtwara wakahama kwenda sehemu salama, shule na ofisi zikafungwa. Kikatua Cabo Delgado, ng'ambo ya Ruvuma, kwa upepo uliozidi kilomita 200 kwa saa. Huku wengi wakasema Mamlaka ya Hali ya Hewa imetudanganya. Haikutudanganya. Wenzetu wa Msumbiji walizika watu. Mei 2024 kilipokuja kimbunga Hidaya, kuna waliokumbuka Kenneth wakapuuza, na barabara ya kwenda Dar ikakatika pale Somanga, magari yakalala njiani. Wazee wa Lindi wanaokumbuka kimbunga cha 1952 hawakuwa na haja ya kubembelezwa.

Kwa hiyo nataka nini? Nataka bibi aulizwe. Kenya, kule Bunyore, watabiri wa mvua wa ukoo wa Nganyi wanakaa na wanasayansi wa idara ya hali ya hewa, kila upande unaleta ulichokiona, wanatoka na utabiri mmoja. Utabiri wetu wa mvua za msimu unakuja kwa eneo kubwa, juu ya wastani au chini ya wastani. Nani atatuambia habari za bonde hili na kilima kile kama si aliyezeeka hapo?

Jumanne jioni nilikwenda kumsalimia bibi yule. Nilimkuta anapepeta mpunga. Nikamwomba anionyeshe alfajiri kilimia kinapotokea, akasema, “Njoo mapema mjukuu wangu, kabla hakujapambazuka, na uje na daftari.” Njiani nilipita shambani kwa yule mzee aliyekimbilia Tunduru. Mikorosho yake imechanua, na ubwiri unga umeshaanza kushika maua. Majirani wote wamekwishapiga salfa yao mpaka mpakani.