Msalaba wa asilimia si uchawi

Walimu wengi wa hisabati hawapendi kuuona msalaba, ile njia ya mkato ya kukokotoa michanganyiko kwa kutoa mshazari, kwenye daftari. Swali ni lilelile la kila mwaka: una dawa ya asilimia 20 na nyingine ya asilimia 50, unataka lita 12 za asilimia 30, utachota lita ngapi za kila moja? Mwalimu anataka mlinganyo wenye x na hatua zote. Mwanafunzi anaandika 20 juu, 50 chini, 30 katikati, anatoa kwa mshazari (50 − 30 na 30 − 20) na kupata 20 kwa 10, yaani 2 kwa 1. Lita 8 za asilimia 20 na lita 4 za asilimia 50. Jibu ni sahihi, lakini alama za njia hapati.

Wanaoulaumu msalaba wana hoja. Ikija dawa ya tatu, unakwama. Tena aliyeukariri tu akiweka tofauti upande usio wake hupata 1 kwa 2, na mchanganyiko wake unakuwa wa asilimia 40 bila yeye kushtuka.

Ila wa mlinganyo naye hashtuki. Nimeshika madaftari ambamo x imepangwa vizuri, na mwishoni 20 na 50 zimejumlishwa kuwa asilimia 70! Chai ya vuguvugu ukiimimina kwenye ya moto, itachemka? Msalaba uliofundishwa kama mizani unalizuia kosa hilo mapema: 30 iko hatua 10 tu kutoka 20, na hatua 20 kutoka 50, kwa hiyo dawa iliyo karibu ndiyo itakayokuwa nyingi. Na mlinganyo wenyewe unasema hivyohivyo. Andika 20x + 50y = 30(x + y), panga upya, utapata 10x = 20y. Msalaba ndio huo.

Chukua jiki, ile dawa ya klorini ya kusafishia. Wakati wa Ebola ya Afrika Magharibi, mwaka 2014, klorini ya asilimia 0.5 ilitumika kusafishia sakafu na vyombo, na ya 0.05 kunawia mikono. Nukta moja ikihama, nguvu inabadilika mara kumi. Tuseme chupa imeandikwa asilimia 3.5, na maji ni sifuri. Kwa 0.5, tofauti ni 3 na 0.5: maji vikombe 6, jiki kikombe 1. Kwa 0.05, ni 3.45 na 0.05: maji vikombe 69. Wengi hutarajia 60, kwa kuwa "ni mara kumi ya sita". Kinachozidishwa kwa kumi ni jumla, kutoka 7 hadi 70, na jiki yenyewe ni kimojawapo cha vikombe hivyo. Anayegawa 3.5 kwa 0.5, akapata 7, akamimina maji vikombe 7, anabaki na takriban asilimia 0.44. Kwenye 70 kikombe kimoja cha ziada hakionekani. Kwenye 7 kinaonekana. Sijui zoezi lingine la darasani linaloonyesha jambo hilo kwa ndoo na kikombe tu.

Ningependa mwalimu aulize kwanza, kalamu zikiwa chini: ipi itakuwa nyingi, na kwa nini? Akijibiwa, msalaba au x, achague mwanafunzi. Kwa dawa tatu nakubali, leteni x.