Cascadia: shule na hospitali zikae wapi?

Mwaka 2019 bunge la jimbo la Oregon, Marekani, liliondoa marufuku iliyowekwa mwaka 1995, ya kujenga shule, hospitali na vituo vipya vya zimamoto kwenye ukanda wa pwani unaoweza kufikiwa na tsunami. Waliotaka marufuku ibaki walionekana watu wa kutia hofu, wanaozuia miji midogo kujiendeleza kwa sababu ya jambo ambalo hakuna aliye hai aliyelishuhudia. Kwa maoni yangu hawakusikilizwa vya kutosha.

Wanachokihofia ni ufa wa Cascadia, mpaka wa mabamba ya ardhi unaozaa matetemeko makubwa na tsunami, ulio chini ya bahari kwa takriban kilomita 1,000, kutoka kaskazini mwa California hadi Kisiwa cha Vancouver, Kanada. Mara ya mwisho ulipoachia kwa nguvu zake zote ilikuwa usiku wa tarehe 26 Januari 1700. Tarehe hiyo inajulikana kwa kuwa wimbi lilivuka Pasifiki likavamia vijiji vya Japani bila ardhi ya huko kutikisika, na wenyeji wakaliandika.

Makadirio yanayotajwa sana husema uwezekano wa tetemeko kubwa kama lile, la ukubwa wa karibu 9, kutokea ndani ya miaka 50 ijayo ni asilimia 10 hadi 15. Hapo ndipo wengi hupumua. Wengine hupiga hesabu kabisa: matetemeko haya huachana kwa wastani wa miaka 500 hivi, imepita 300 na ushei, basi bado tuna karne mbili. Hesabu hiyo haisimami. Mashapo yaliyochimbwa kwenye sakafu ya bahari yanaonyesha kuwa mengine yalifuatana baada ya karne chache tu, na mengine yakakawia karibu miaka elfu moja. Halafu tuitazame hiyo miaka 50 yenyewe. Mbunge hakai madarakani muda huo, lakini jengo la shule hukaa, tena huupita. Mzazi akiambiwa kwamba katika kila mabasi kumi ya shule, moja litatumbukia mtoni kabla halijachakaa, atampandisha mwanawe?

Ardhi ya pwani nayo itashuka. Kando ya mto Copalis, jimbo la Washington, mierezi iliyokufa bado imesimama tangu 1700, pale pwani iliposhuka ghafla na maji ya chumvi yakafika mizizini. Mwinuko unaopimwa leo hautakuwa ule ule baada ya mtikisiko, na wimbi la kwanza linatarajiwa kufika dakika 15 hadi 30 baadaye.

Miji nayo ina lake la kusema, na si dogo. Marufuku iligusa majengo mapya tu, kwa hiyo majengo makuukuu yaliendelea kutumika bondeni. Kituo cha zimamoto kikihamishiwa mbali mlimani, gari litachelewa kufika kwenye moto wa kawaida, ambao haungoji karne. Wahandisi nao wana mfano wa Westport, Washington: tangu mwaka 2016 shule ya msingi ya Ocosta ina paa la kukimbilia, linaloweza kubeba watu 1,000 hivi.

Paa hilo ni kazi nzuri, hasa kwa mji usio na kilima karibu. Lakini mtoto anaweza kupanda ngazi. Mgonjwa aliye kwenye mashine hawezi, na hospitali iliyozingirwa na maji haitampokea majeruhi siku anapoihitaji kuliko zote. Kuhama pia kunawezekana. Huko Seaside, Oregon, wapiga kura walikataa mpango wa kuhamisha shule mwaka 2013, kisha mwaka 2016 wakakubali mkopo wa karibu dola milioni 100, na shule zikajengwa juu kilimani.

Ingekuwa juu yangu, marufuku ingerudi kwa shule na hospitali. Vituo vya zimamoto ningeuachia kila mji upime wenyewe.