Thuluthi ya saba: ni nini hasa kilichowafikisha majaji wanawake wa Kenya?

Martha Koome alipoapishwa tarehe 21 Mei 2021, alikuwa Jaji Mkuu wa kwanza mwanamke nchini Kenya na mwanamke wa kwanza kuongoza mmoja kati ya mihimili mitatu ya dola. Wengi waliipa sifa kanuni ya thuluthi mbili iliyomo katika Katiba ya 2010, ile isemayo kwamba jinsia moja isizidi thuluthi mbili ya wajumbe wa chombo chochote cha kuchaguliwa au kuteuliwa. Ukifuatilia mambo yalivyokwenda, kanuni hiyo ina mchango mdogo kuliko inavyosifiwa. Ilipofikishwa mahakamani kwa sababu ya majaji wenyewe, iliangushwa. Kilichofanya kazi ni vifungu vingine vya Katiba hiyo hiyo, visivyotajwa sana, vinavyokitaja kiti na kusema nani atakikalia.

Kwanza utaratibu wa zamani, maana nao una watetezi wenye hoja. Kitivo cha kwanza cha sheria Afrika Mashariki kilifunguliwa Dar es Salaam mwaka 1961; cha Nairobi kilisubiri hadi 1970. Katiba ya zamani ilimtaka jaji awe amehitimu uwakili kwa miaka isiyopungua 7. Jumlisha digrii, mafunzo ya uwakili na miaka hiyo saba, utaona kwamba mwanafunzi wa kundi la kwanza la Nairobi hakuweza kufikiriwa ujaji kabla ya miaka ya themanini kukaribia. Effie Owuor alisomea Dar es Salaam, akawa wakili wa serikali, kisha hakimu, na mwaka 1982 akateuliwa jaji wa Mahakama Kuu, mwanamke wa kwanza. Mwaka 1998 akawa wa kwanza tena, safari hii katika Mahakama ya Rufaa.

Hakuna kanuni ya jinsia iliyomwingiza. Rais aliteua majaji kwa ushauri wa tume ya watu watano: Jaji Mkuu, Mwanasheria Mkuu, majaji wawili na mwenyekiti wa Tume ya Utumishi wa Umma, na kila mmoja wao alikuwa pale kwa uteuzi wa Rais. Watetezi wanasema njia hii ilikuwa ya haraka: ukimshawishi mtu mmoja, mlango umefunguka. Ni kweli, na mfano wa karibuni upo. Dorcas Oduor, aliyeapishwa Agosti 2024 kuwa Mwanasheria Mkuu wa kwanza mwanamke, alipendekezwa na Rais na kuidhinishwa na Bunge la Taifa, bila mahojiano ya Tume ya Huduma za Mahakama, ile inayopendekeza majaji. Udhaifu wa njia hii ni kwamba haiachi nyuma kitu cha kuhojiwa. Kati ya 1982 na 1998 ni miaka 16, na aliyetaka kujua kwa nini Mahakama ya Rufaa ilikaa muda wote huo bila mwanamke hakuwa na orodha ya waombaji wala alama za mahojiano za kuulizia.

Katiba ya 2010 ilibadili mambo mawili kwa pamoja. La kwanza ni hatua zenyewe, zilizofafanuliwa katika Sheria ya Huduma za Mahakama ya 2011: nafasi inatangazwa, maombi yanapokelewa, majina ya walioteuliwa kuhojiwa yanachapishwa, wananchi wanaalikwa kutoa maoni, mahojiano yanafanyika hadharani, kisha tume inapiga kura na kumpelekea Rais majina. Kwa Jaji Mkuu na naibu wake Bunge la Taifa huidhinisha. Majaji wengine huteuliwa kwa pendekezo la tume tu. Uzoefu unaotakiwa ni miaka 10 kwa Mahakama Kuu na Mahakama ya Rufaa, 15 kwa Mahakama ya Juu.

La pili ni nani anayehoji. Kifungu cha 171 kinaipa tume wajumbe 11. Watano huingia bila kutajwa jinsia: Jaji Mkuu, jaji mmoja wa Mahakama ya Juu, mmoja wa Mahakama ya Rufaa, Mwanasheria Mkuu na mwakilishi wa Tume ya Utumishi wa Umma. Sita waliobaki wamefungwa jozi jozi. Jaji wa Mahakama Kuu na hakimu: mmoja lazima awe mwanamke, mwingine mwanamume. Mawakili wawili wanaochaguliwa na Chama cha Mawakili (LSK): vivyo hivyo. Wawakilishi wawili wa umma wasio wanasheria: vivyo hivyo. Kwa hiyo hata mwaka ukiwa mbaya kiasi gani, wanawake watatu wamo. Watatu kati ya 11 hawafiki thuluthi, ni kweli, lakini hawahitaji hisani ya mtu wala hukumu ya mahakama.

Sasa tazama kanuni yenyewe ilivyofanya. Mahakama ya Juu ina majaji saba. Thuluthi mbili za saba ni 4.67, na kwa kuwa jaji hagawanyiki, jinsia moja haiwezi kuzidi wanne. Nyingine lazima iwe na watatu. Mwaka 2011 tume ilimpendekeza Willy Mutunga kuwa Jaji Mkuu na Nancy Baraza kuwa naibu wake, halafu ikaleta majina matano ambamo mwanamke alikuwa mmoja tu, Njoki Ndung'u. Jumla wanawake wawili, asilimia 28.6. Amepungua mtu mmoja.

Chama cha mawakili wanawake, FIDA Kenya, pamoja na wenzake kilikwenda Mahakama Kuu. Agosti 2011 ombi lao lilitupwa. Mahakama iliona kwamba kifungu cha 27(8), chenye kanuni hiyo, kinaitwisha Serikali jukumu la kutunga sheria na kuchukua hatua nyingine ili kanuni itekelezwe. Hakikuwa bado haki ambayo mtu angeishika na kuibatilishia orodha ya tume. Desemba 2012 Mahakama ya Juu nayo, katika ushauri wake kuhusu Bunge, ilisema kwa wingi wa kura kwamba kanuni itekelezwe hatua kwa hatua, ikaweka ukomo wa 27 Agosti 2015. Mutunga alipinga. Tarehe hiyo ilipita, sheria haikutungwa, na Septemba 2020 Jaji Mkuu David Maraga akamshauri Rais avunje Bunge. Halikuvunjwa.

Kwa haki ya upande wa pili, ombi la 2011 lilikuwa na tatizo ambalo wanaharakati hawalipendi. Mahojiano yalikuwa yameisha na waliofaulu walikwisha kutajwa. Kumwondoa mmoja wa wanaume wanne baada ya hapo kungekuwa kumwadhibu kwa kosa la hesabu lililofanywa na tume. Hesabu ya jinsia hufanywa wakati wa kuchuja waombaji, kabla ya kuita mtu kwenye mahojiano. Ukiifanya mwishoni, lazima umdhulumu mmoja. Hoja nyingine, kwamba viti vya jinsia vinashusha hadhi ya wanaovipata, naiona nyepesi. Anayeomba ujaji anahojiwa hadharani kwa sharti lile lile la miaka, na hatuwasikii wanaume wa jozi za kifungu cha 171 wakidharauliwa, ingawa nao viti vyao vimelindwa.

Ushahidi ulio wazi zaidi uko kwa mawakili wenyewe. Wanachama wa LSK hupiga kura ya kumchagua kiongozi wa chama, kiti kisicho na sharti la jinsia, na hupiga kura ya mwakilishi wao mwanamke katika tume. Mwanamke wa kwanza kuongoza chama alikuwa Raychelle Omamo, kuanzia 2001. Wa pili ni Faith Odhiambo, 2024. Miaka 23 imepita katikati, ilhali kiti cha wakili mwanamke katika tume kimekuwa kikijazwa tangu tume mpya ianze. Wapiga kura ni wale wale. Mtu anaweza kujibu kwamba kiti kilicholindwa huwavuta wagombea wazuri wakaacha kile cha wazi, na hapo sina jibu la kutosha.

Na kiti kinachozoeleka kuwa cha wanawake kina mtego wake. Unaibu Jaji Mkuu haukutengewa jinsia na Katiba, lakini kuanzia 2011 hadi 2021 ulishikwa na Baraza, kisha Kalpana Rawal, kisha Philomena Mwilu, wote chini ya Jaji Mkuu mwanamume. Desturi ilikuwa imeanza kufanana na sheria: mwanamke ni wa pili. Koome alipochaguliwa kati ya wahojiwa 10 Aprili 2021, huku Mwilu akiwa bado naibu, desturi hiyo ilivunjika, na Mahakama ya Juu ikapata wanawake watatu kati ya saba kwa sababu ya nafasi moja.

Hapo ndipo hesabu inaporudi kuuma. Watatu ndio kiwango cha chini kabisa. Akiondoka mmoja na kurithiwa na mwanamume, mahakama inarudi pale ilipokuwa 2011. Jaji Mkuu hustaafu akifikisha miaka 70 au akimaliza 10 katika cheo, lipi litangulie. Koome amezaliwa 1960, kwa hiyo umri utamfikia 2030, kabla ya muhula kwisha 2031. Tume ikitaka kuepuka kesi nyingine ya FIDA, itabidi iandike katika kanuni zake, kabla ya tangazo kutoka, kwamba orodha ya wa kuhojiwa haichapishwi mpaka ihesabiwe jinsia ya majaji wanaobaki. Hilo halihitaji Bunge.