Hiyo laki nane unamlipa nani?

"Dada yangu, kodi unamlipa mwenye nyumba, hii unajilipa mwenyewe." Hiyo ndo sentensi iliyotaka kutumaliza mimi na mzee wangu. Ofisa mikopo wa benki tuliyoenda kukopa hela ya nyumba kaitamka kwa upole kabisa, kiyoyozi kinapuliza, kalamu ya kusainia iko pale mezani, na mi kichwani nshaanza kuchagua rangi ya mapazia.

Tunapanga Nyegezi, hapa Mwanza, mwaka wa tisa sasa, laki tatu kwa mwezi, na mwenye nyumba anataka ya miezi sita kwa mkupuo, kwaiyo kila ikifika mwezi wa sita na wa kumi na mbili ndani kunakuwa na kimya kama cha msiba. Tukasikia kuna nyumba inauzwa Nyamhongolo, sio mbali na stendi mpya, vyumba vitatu, hati ipo, milioni 70. Sisi tulikuwa na 10 tulizozikusanya kwa kujibana, benki ikakubali kutupa 60 kwa miaka 20, riba asilimia 16, mishahara yote miwili ikiunganishwa. Rejesho laki nane na elfu 34 na kitu kwa mwezi. Inauma lakini inabebeka, tukasema hewala, tunaacha kumlipa mtu, tunajilipa wenyewe.

Usiku ule mzee wangu, ambaye kazi yake ni mahesabu kwenye kiwanda cha samaki, akafungua Excel. Mi nasahihisha madaftari ya form two pembeni. Baada ya nusu saa akaniita, "Mama, njoo uone huku unakojilipa."

Hesabu yenyewe haina uchawi. Asilimia 16 ya milioni 60 ni milioni 9 na laki 6 kwa mwaka, gawa kwa 12 unapata 800,000. Hiyo ndo riba ya mwezi wa kwanza. Rejesho letu ni 834,754. Toa laki nane inabaki 34,754, na hicho ndo kiasi kinachopunguza deni. Yaani katika ile laki nane na thelathini ninayojilipa mwenyewe, mwenyewe nafikiwa na hela ya sato wawili watatu wa maana pale mwaloni Kirumba, nyingine yote ni kodi kama kodi nyingine, tofauti ni kwamba mwenye nyumba wa safari hii ana kiyoyozi.

Mwezi wa pili riba inapigwa kwenye deni lililobaki, kwaiyo inashuka kidogo na sehemu yako inapanda kidogo. Tatizo ni hiyo kidogo. Baada ya miaka mitano tutakuwa tumeshatoa milioni 50 na ushee. Na deni limebaki ngapi? Milioni 56 na laki 8. Nilimwambia arudie hesabu, akarudia mara tatu, inakuja ile ile. Umetoa milioni 50, umepunguza milioni 3. Nusu ya deni, yaani kufika milioni 30, tunaifikia karibu kabisa na mwisho wa mwaka wa 16! Mwanetu wa mwisho yuko darasa la pili, atakuwa ameshamaliza chuo na labda kashaoa, sisi ndo kwanza tunafika nusu. Na jumla ya vyote, miezi 240, ni milioni 200 na laki tatu. Kwa nyumba ambayo tumekopea 60.

Sasa kabla watu hamjaanza kusema benki ni wezi, mi sisemi hivyo, na hili naona wengi tunakosea. Benki haikutuficha riba, 16 imeandikwa. Hela nyingi za benki ni akiba zetu sisi ambazo tunaweza kwenda kuzitoa kesho asubuhi, kumpa mtu hela hiyo akae nayo miaka 20 ni hatari kwao, ndo maana mwaka 2010 ikaanzishwa TMRC, kampuni ya kuyapa mabenki fedha za muda mrefu kwa ajili ya mikopo ya nyumba. Na hatifungani za serikali, yaani mikopo ambayo serikali yenyewe inachukua, za miaka 20 na 25 zimekuwa zikilipa zaidi ya asilimia 12, sasa wewe mwalimu wa kemia na salary slip yako, kwa nini benki ikukopeshe kwa bei ya chini kuliko inavyoikopesha serikali? Mantiki naielewa. Ninachogombana nacho ni lile neno "unajilipa mwenyewe", na ile tabia yetu ya kuuliza swali moja tu, kwa mwezi ngapi.

Kwa mwezi ngapi ndo swali linalotuchinja. Angalia hapa. Tungechagua miaka 15 badala ya 20, rejesho lingekuwa 881,220. Tofauti ni elfu 46 na mia nne na kitu kwa mwezi. Ukimwonyesha mtu hizo namba mbili bila maelezo atachukua ya miaka 20 mbio mbio, elfu 46 ni LUKU na gesi. Lakini jumla ya miaka 15 ni milioni 158 na laki 6. Kwaiyo ile elfu 46 uliyoikwepa kila mwezi inakuja kukutoza karibu milioni 42 huko mbele. Ukibana zaidi ukaenda miaka 10, rejesho ni milioni moja na elfu 5, jumla milioni 120 na laki 6. Nyumba ile ile, riba ile ile, kilichobadilika ni muda tu.

Na kuna kingine kilichonishangaza zaidi, kuongezea. Tuseme umechukua ile ya miaka 20 lakini kila mwezi unaongeza laki moja juu ya rejesho, bila kukosa. Deni linaisha ndani ya miaka 12 na miezi kama miwili, na unaokoa zaidi ya milioni 63, yaani zaidi ya hela uliyokopa yenyewe. Laki moja hiyo hiyo ambayo ukiipeleka kwenye vikoba inaishia kwenye sare za harusi. Ila hapa kuna mtego na naomba usome taratibu: lazima uulize kama hiyo laki inapunguza deni mama, yaani ile hela uliyokopa yenyewe, siku ile ile, au inakaa tu kwenye akaunti kama rejesho la mwezi ujao ulilolipa mapema. Mwalimu mwenzangu aliongezea miaka miwili kwenye mkopo wake, siku anaenda kuomba salio anakuta deni lipo kwenye mstari wake wa zamani kabisa, hela imekaa inasubiri, eti hakuandika barua ya kuelekeza. Barua! Na uliza pia kama kuna faini ya kulipa mapema, maana mikataba mingine inayo, na kama riba inaweza kupandishwa katikati ya safari.

Halafu wale wa "huku kuna asilimia 9 tu". Shika kichwa uulize 9 ya nini. Kama ni 9 inayopigwa kwenye mkopo wote wa mwanzo kila mwaka hadi mwisho, hata ukiwa umeshalipa nusu, basi kwa milioni 60 miaka 15 ni riba milioni 81, na ukiibadilisha iwe ya deni linalopungua inakuwa kama 13 na nusu hivi. Wanaokopa kausha damu wanajua maumivu haya vizuri, ila kwenye nyumba huwa tunadhani kila mtu ni mstaarabu.

Bado hujahesabu vidogo vidogo. Mthamini anataka chake, mwanasheria chake, ada ya kuandaa mkopo, usajili wa rehani kwa msajili wa hati, bima ya moto, bima ya maisha ili ukifa deni lisiwaangukie watoto (hii sigombani nayo, naona ina akili). Mwenza lazima atoe ridhaa kwa maandishi, hilo ni la kisheria na wanaume mnaopenda kuweka hati kimya kimya mlijue. Afu kodi ya pango la ardhi kila mwaka, kodi ya majengo inayokatwa kwenye LUKU, na matengenezo ambayo zamani ulikuwa unampigia simu mwenye nyumba. Na Mwanza yetu hii ya mawe, wenyewe mnajua, mji umekaa juu ya mwamba, picha za jiwe la Bismarck ni nzuri ila subiri choo kijae ukaite fundi akuchimbie shimo lingine kwenye jiwe.

Lakini kilichonifanya mi binafsi nirudi nyuma ni uhamisho. Mtumishi wa umma hana mizizi. Kesho naletewa barua ya kwenda Geita au Ukerewe, nyumba inabaki na deni lake. Nikiipangisha, nyumba ya vyumba vitatu Nyamhongolo itaniletea laki tatu, tatu na nusu. Rejesho ni laki nane na ushee. Nikiamua kuiuza mwaka wa tano bado nadaiwa ile milioni 56 na laki 8, kwaiyo ikipata bei niliyonunulia, nikitoa na madalali, narudi na kama zile milioni zangu 10 nilizotangulizia na chenji kidogo, huku nimeshatoa milioni 50 za marejesho. Miaka hiyo hiyo mitano kwenye kupanga ingekula milioni 18.

Kaka yangu alivyosikia akacheka, yeye ni wa chama cha kujenga mdogo mdogo. Na mi nkamwambia na wewe kaa chini tuhesabu. Kiwanja kanunua Buhongwa 2011, kahamia 2022, miaka 11. Muda wote huo anapanga laki na nusu kwa mwezi, hiyo tu ni milioni 19 na laki 8. Nondo zilipata kutu mpaka fundi akazikataa, tofali mvua ikala, simenti akanunua kwa bei mpya kila awamu, fundi wa kwanza akapotea na hela ya kenchi. Akifika nyumbani anasema "mi sidaiwi na mtu", sawa, ila riba alilipa, alilipa kwa kutu na kodi na miaka 11 ya wifi kulala kwenye chumba kimoja na watoto watatu. Hamna nyumba ya bure, hilo hata yeye alikubali, kwa shingo upande.

Na ili niwe mkweli, kuna hoja moja ya upande wa mkopo ambayo mzee wangu aliisimamia na sikuweza kuibomoa yote. Hela inashuka thamani, rejesho halibadiliki kama riba haijapandishwa. Mfumuko wa bei ukikaa kwenye asilimia 3 kama miaka ya karibuni, ile laki nane na thelathini ya mwaka wa 20 itakuwa na uzito wa kama laki nne na sitini ya leo, na mishahara labda itakuwa imepanda na madaraja. Ni kweli. Ila angalia umbali kati ya 3 na 16. Mfumuko unakusaidia kubeba ndoo, benki imekuwekea pipa.

Tulirudi kwa ofisa yule wiki iliyofuata, safari hii na daftari. Nikamwomba aprinti ratiba nzima ya marejesho, mistari yote 240, iwe na safu ya riba na safu ya deni lililobaki. Akaniangalia kidogo. Akasema hamna mteja aliyewahi kumuomba hiyo kabla ya kusaini, wengi wanaiomba baadaye wakishagombana. Kijana mzuri tu, hakukataa, mashine ikatema makaratasi pale mpaka karatasi zikaisha kwenye trei.

Nyamhongolo tumeiacha. Ile milioni 10 imeenda kwenye kiwanja chenye hati Buswelu na msingi umeshaanza, mpango ni kufika lenta kwa mishahara yetu, halafu ndo tukope milioni 30 ya kumalizia kwa miaka 10. Rejesho laki tano na elfu mbili na kitu, jumla milioni 60 na laki tatu. Bado tutarudisha mara mbili, najua, nimeipiga hesabu mwenyewe safari hii na sio kwa kuambiwa, na kodi ya Nyegezi ya mwezi wa sita bado iko pale pale inanisubiri.

Jana fundi kapiga simu. Shimo la choo, futi nne tu, kakutana na mwamba. Anataka laki nne ya wapasuaji.