Hakimu Apewe Uwezo wa Kuwaamuru Polisi Wachunguze

Duka la jirani yangu lilivunjwa usiku, vitenge vikabebwa vyote. Asubuhi alikwenda kituoni, akaandikiwa namba ya OB, yaani daftari la matukio la polisi, kwa biro kwenye kikaratasi, akaambiwa atapigiwa simu. Duka la dawa lililo mkabala lina kamera, na mwenyewe alikuwa tayari kutoa picha. Hakuna afisa aliyefika kuzichukua. Kila alipofuatilia, mama huyo aliulizwa kama ana hela ya mafuta ya gari. Mwishowe kamera ikarekodi juu ya picha za usiku ule, na ushahidi ukaenda hivyo. Mpaka leo jambo hili linanichoma.

Wengi mtasema angekwenda kwa hakimu. Kweli, sheria inamruhusu. Hapa Kenya, kifungu cha 89 cha Sheria ya Mwenendo wa Mashtaka ya Jinai kinampa mtu nafasi ya kupeleka malalamishi yake kortini, hata kwa mdomo, na kwa kifungu cha 88 hakimu anaweza kumruhusu aendeshe mashtaka mwenyewe. Lakini aendeshe kwa ushahidi gani? Muuza vitenge hawezi kuchukua alama za vidole mlangoni. Hawezi kupekua stoo ya mtu anayemshuku, wala kampuni ya simu haitampa rekodi za mtu mwingine. Kazi hizo ni za polisi, na polisi ndio hao waliokaa kimya. Tumempa haki ya kushtaki, kisha tukamnyima njia ya kuthibitisha.

Anayeweza kumwagiza Inspekta Jenerali, mkuu wa polisi, achunguze ni Mkurugenzi wa Mashtaka ya Umma, kwa Ibara ya 157 ya Katiba. Sawa, lakini ni wangapi barua zao zitafika kwenye meza hiyo? Mahakama Kuu nayo ni vigumu kuiendea bila wakili, na wakili anataka pesa.

India wana njia nyepesi zaidi. Hakimu wa chini kabisa mwenye mamlaka ya kupokea malalamishi anaweza kuwaamuru polisi wachunguze, na mwaka 2007 Mahakama ya Juu yao ilisema anaweza pia kufuatilia kama uchunguzi unafanywa ipasavyo. Sheria za jinai za India ndizo zilizotumika huku kwetu hadi 1930, kwa hiyo hili si jambo geni la kutushangaza.

Nakubali, wapo watakaoitumia kukomoana kwa deni au shamba. India walilikuta hilo, na mwaka 2015 mahakama ikataka mlalamishi aape kwanza. Nasi tudai hati ya kiapo.

Najua pia kwamba Ibara ya 245 inakataza mtu mwingine kumwelekeza Inspekta Jenerali kuhusu uchunguzi wa kosa fulani. Kinga hiyo tuliihitaji, maana tumeona wanasiasa wakiwatuma polisi. Ila hakimu si mwanasiasa. Anasikiliza hadharani, anaandika sababu zake, na uamuzi wake unaweza kupingwa katika mahakama iliyo juu yake.

Bunge liongeze aya moja tu kwenye kifungu cha 89: hakimu akiridhika kwamba malalamishi yanaonyesha kosa na kituo hakijafanya lolote, amwamuru mkuu wa kituo achunguze, na ampangie tarehe ya kurudi kortini na faili mkononi. Kama panahitajika kugusa Katiba ili aya hiyo isimame, basi iguswe.