Irabu tatu au tano? Ugomvi wa Kikechua cha Cusco

Kule Cusco, Peru, kuna ugomvi wa miaka mingi kuhusu herufi mbili tu, e na o, kwenye kuandika Kikechua, lugha ya wenyeji wa milima ya Andes. Ukiusikia kwa mbali unaweza kudhani watu wamekosa kazi, ila ukiingia ndani unakuta ni ishu ya nani ana haki ya kuamua watoto wa wakulima waandike vipi lugha ya mama zao. Na hii si lugha ya watu wachache, sensa ya Peru ya 2017 ilikuta zaidi ya watu milioni 3.5 ambao Kikechua ndo lugha yao ya kwanza.

Upande mmoja kuna Academia Mayor de la Lengua Quechua, taasisi iliyoanzishwa Cusco mwaka 1953, wao wanasema lugha yao ina irabu tano. Upande wa pili kuna wanaisimu, jina kubwa likiwa Rodolfo Cerrón-Palomino, pamoja na Wizara ya Elimu, na hawa wanasema irabu ni tatu tu, a, i, u, basi. Serikali nayo imechangia kuvuruga, maana 1975 enzi za rais Velasco Kikechua kilipofanywa lugha rasmi ilitoka alfabeti yenye irabu tano, alafu 1985 ikaja nyingine yenye tatu, kwa hiyo mwalimu aliyezoea tano akaambiwa sasa futa mbili.

Ili ujue nani ana hoja lazima uanze na q. Kama umepita madrasa unaijua qafu, ile inayotoka nyuma kabisa ya ulimi, sasa q ya Cusco ndo sauti ya hapo hapo. Jaribu mwenyewe kutamka i au u iliyobanana na qafu, ulimi unavutwa nyuma na irabu inashuka yenyewe, i inasikika kama e na u inasikika kama o. Ndo maana neno la moyo, sunqu, mtu wa Cusco analitamka sonqo, na pua, sinqa, anaitamka senqa. Mbali na q, kwenye maneno ya asili, hizo e na o huzikuti.

Sasa angalia hiyo q inachofanya kwenye sarufi, na hapa ndo mi naona wanaisimu wamewabana wenzao vizuri. Kikechua ni lugha ya kuunganisha viambishi nyuma ya mzizi, mzizi unakaa palepale na vitu vinaongezwa mkiani. Hamu- ni mzizi wa kuja, hamuni ni nakuja, alafu ukiweka -q unapata anayekuja, hamuq, ambayo mdomoni inakuwa hamoq. Puri- ni kutembea, purini ni natembea, mtembeaji ni puriq, mdomoni pureq. Ukiandika kwa irabu tano mzizi uleule unabadilika sura kila ukikutana na q, leo hamu- kesho hamo-, leo puri- kesho pure-, na mtoto anayejifunza kusoma hapati picha moja ya neno lake. Ukiandika tatu, mzizi unabaki ulivyo na q inafanya kazi yake kwenye matamshi bila kuelekezwa na mtu.

Lakini sikubaliani kabisa na wanaowachukulia watu wa Academia kama hawajui kitu. Wengi Cusco wanaongea lugha mbili tangu utotoni na masikio yao yanaisikia e na o wazi kabisa, wanayo mesa ya kulia chakula na misa ya kanisani, zote zimeingia kutoka Kihispania, na kwao hazifanani. Alafu kuna hofu ya ukweli kuhusu kudharauliwa. Peru mtu akichanganya i na e au u na o kwenye Kihispania anaitwa motoso, ni tusi la kumwambia umetoka milimani hujasoma. Mwaka 2009 gazeti moja la Lima, mji mkuu, liliweka ukurasa wa mbele maandishi binafsi ya Hilaria Supa, mbunge kutoka Cusco ambaye lugha yake ya kwanza ni Kikechua, ili watu waone makosa yake ya tahajia. Mzazi aliyeona vile akisikia shule inataka kuondoa e na o, hivi utamlaumu akikataa? Mi simlaumu. Ila dawa yake ni kumfundisha mtoto Kihispania vizuri kama lugha nyingine yenye irabu zake tano, maana kuandika sonqo hakumzuii mtu wa Lima kumcheka.

Kwa hiyo kwenye irabu nipo na wanaisimu. Kuna sehemu nyingine ya ugomvi huu haisemwi sana na hapo nahamia upande wa Cusco.

Wizara haikuishia kwenye irabu, kuna mradi wa kuunganisha lahaja za kusini ziandikwe namna moja, Cusco pamoja na jirani zao wa Ayacucho. Cusco wamebaki na utajiri wao wa konsonanti, p, t, ch, k na q kila moja inakuja kwa namna tatu, ya kawaida, ya kutoa pumzi na ya kubana koo alafu unaiachia kwa mshindo, jumla 15, na tanta ni mkusanyiko, thanta ni kilichochakaa, t'anta ni mkate. Ayacucho hawana hizo za pumzi wala za koo, na hapo Cusco wameachiwa waandike zao. Shida iko kwenye kiambishi cha jambo linaloendelea. Mvua ikinyesha mtu wa Cusco anasema parashan, wa Ayacucho anasema parachkan, na maandishi ya pamoja yanataka wote waandike parachkan. Hoja ya wanaisimu ni kwamba -chka- ndo ya zamani, hata Cusco kwenyewe iliandikwa hivyo enzi za wamisionari miaka ya 1600, na kitabu kimoja kikisomeka mikoa yote gharama inapungua. Naielewa, ila hii haifanani na q. Pale kwenye q sheria iko mdomoni mwa mtoto tayari, anaifuata bila kufundishwa, lakini -chka- haimo kwenye lugha yake kabisa, hajaisikia kwa mama wala kwa bibi, unamwambia aandike kitu cha watu wa mkoa mwingine alafu asome tofauti na alivyoandika.

Na hicho ni kiambishi anachokutana nacho kila mara, na nyuma yake vinabandikwa vingine. Parashanmi, inanyesha na nimeiona mwenyewe. Parashansi, inanyesha eti, nimeambiwa. Parashanchá, nahisi inanyesha. Lugha inayomtaka msemaji aonyeshe kajuaje anachosema, alafu darasa la kwanza tunamwandikishia neno ambalo hajawahi kulisikia popote. Kwangu vitabu vya madarasa ya mwanzo Cusco viandikwe -sha-, na -chka- ije madarasa ya juu mtoto akishasoma bila kukwama, pamoja na maelezo kwamba Ayacucho wanasema hivi na babu zake wa Cusco nao walisema hivyo.